Kubali Zote: Vidakuzi, Simu ya Mjomba na Faragha Yetu Mtandaoni

Kila mwanachuo anakijua kile kidirisha. Uko kwenye asaimenti, saa tano usiku, bando limebaki MB themanini, unafungua tovuti na kabla hujasoma hata mstari mmoja nusu ya skrini inazibwa: tunatumia vidakuzi ili kukupa huduma bora. Chini yake kuna kitufe kikubwa chenye rangi ya kung'aa, Kubali Zote, na pembeni maandishi madogo ya kijivu ambayo ukiyabonyeza yanakupeleka kwenye ukurasa mwingine wenye vitufe ishirini. Unabonyeza Kubali. Sote tunabonyeza Kubali.

Makala haya ni somo fupi juu ya kile tunachokikubali pale. Nimesukumwa kuyaandika na likizo iliyopita, nikiwa nyumbani Namasakata, mkoani Ruvuma, nilipotakiwa kulieleza jambo hili kwa mtu ambaye hajawahi kukaa darasa la kompyuta na ambaye siku hiyo alikuwa amekasirika kweli.

Mtu huyo ni mjomba wangu. Kwetu simu janja yenye betri ya kueleweka ni ya kwake, na kama ilivyo kwenye nyumba nyingi, simu ya mkubwa ni simu ya wote: anayetaka kuangalia salio, anayetaka kupiga picha, anayetaka kuangalia matokeo. Mdogo wangu, mtoto wa mama mdogo, alikuwa amemaliza kidato cha sita. Wazee walishakaa na kuamua kwamba atasoma ualimu. Yeye moyoni anataka uuguzi. Basi jioni akawa anaiazima simu, anajifungia chumbani na kupekua tovuti za vyuo vya afya: ada, sifa za kujiunga, hosteli. Akimaliza anafuta kurasa zile kwenye historia, moja moja, anaacha zile za mpira. Ni mjanja.

Baada ya siku chache mjomba anasoma habari za Simba na Yanga, katikati ya habari kuna tangazo la chuo cha uuguzi. Anahamia kwenye bei ya korosho, tangazo lilelile. Mwanzoni alicheka: "Hivi hii simu inataka nikasome unesi uzeeni?" Siku ya tatu hakucheka tena. Aliuliza nani anaishika simu jioni, na ndani ya nusu saa mdogo wangu alikuwa ameketi mkekani mbele ya wazee akitafuta maneno.

Nikaitwa na mimi, kwa kuwa eti ndiye msomi wa hayo mambo.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Njoo hapa. Huyu anasema amefuta kila kitu. Sasa simu imejuaje?"

Ni swali zuri kuliko mengi niliyoulizwa kwenye semina, na jibu lake ndilo somo lenyewe.

Tuanze na korosho, maana ndivyo nilivyoanza siku ile. Mkulima akipeleka korosho zake chama cha msingi, zinapimwa, anaandikiwa stakabadhi, anarudi nyumbani. Karatasi ile haina korosho ndani. Ina namba na maelezo machache tu. Habari kamili ziko kwenye vitabu vya ofisi. Akirudi kufuatilia malipo, karani hahitaji kuikumbuka sura yake. Anaangalia stakabadhi, anafungua kitabu, anajua ni nani na alileta kilo ngapi.

Kidakuzi ni stakabadhi ya namna hiyo. Tovuti kwa asili yake ni kama karani asiye na kumbukumbu: kila unapofungua ukurasa, kwake wewe ni mgeni. Mwaka 1994 mhandisi wa kampuni ya Netscape, Lou Montulli, alitafuta njia ya kuifanya tovuti imkumbuke mteja, hasa kwa ajili ya maduka ya mtandaoni ambako ulikuwa ukiweka kitu kikapuni, ukifungua ukurasa wa pili kikapu ni kitupu. Jawabu lake likawa kipande kidogo cha maandishi ambacho tovuti inakikabidhi kwa kivinjari chako, nacho kivinjari kinakihifadhi na kukionyesha kila unaporudi. Ni kidogo kweli, karibu kilobaiti nne tu kwa kila kimoja. Si kirusi, hakiwezi kusoma picha zako wala meseji zako. Bila hicho usingeweza kuingia kwenye akaunti yako ya chuo na kubaki umeingia unapotoka ukurasa wa matokeo kwenda ukurasa wa ada.

Mpaka hapo hakuna ubaya. Mjomba naye alikubali kwamba stakabadhi si kitu kibaya.

Ubaya unaanza pale mtu wa tatu anapoketi katikati. Ukurasa wa habari unaousoma haukujengwa na kampuni moja. Maandishi ni ya gazeti, lakini tangazo la juu linatoka kwenye kompyuta za kampuni ya matangazo, kitufe cha kupenda kinatoka kampuni ya mtandao wa kijamii, na mara nyingi kuna kipicha cha nukta moja, kisichoonekana kwa jicho, kilichowekwa ili kuhesabu nani amepita. Kila kipande cha namna hiyo kinapoitwa, mwenye nacho anapata nafasi ya kukupa stakabadhi yake. Hivi ndivyo vidakuzi vya washirika wengine.

Sasa fikiria kijana mmoja ametumwa kutoka Dar es Salaam na daftari lake. Anakaa kimya kwenye kona ya duka la dawa. Kijana mwenzake wa kampuni hiyohiyo yuko kwa fundi cherehani, mwingine zahanati, mwingine kwenye kibanda cha mpira. Wa kwanza anakupa namba 47. Wengine wote, ukipita kwao, wanauliza tu namba yako na kuandika. Jina lako hawalijui na pengine hawalihitaji. Lakini jioni wakikusanya madaftari wanajua kwamba namba 47 amenunua dawa fulani, ameulizia sare ya shule, ameshinda zahanati saa mbili, na ni shabiki wa timu fulani. Hicho ndicho kinachouzwa.

Kwa hiyo mdogo wangu alifuta kumbukumbu ya simu, orodha ya kurasa alizopitia. Hakugusa stakabadhi. Tovuti ya chuo ilikuwa na kipande cha kampuni ya matangazo, tovuti ya mpira ina kipande cha kampuni ileile, na simu ilionyesha namba ileile pande zote mbili. Kampuni haikujua kwamba namba hiyo ni watu wawili, mmoja wa miaka kumi na tisa na mwingine wa sitini. Ikaona mteja mmoja aliyeulizia uuguzi akaondoka bila kujiandikisha, ikamfuata kumkumbusha.

Mjomba akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza kitu ambacho sikukitegemea: "Huyo kijana mwenye daftari, nani alimruhusu kukaa dukani?" Nikamwambia, sisi wenyewe, tulipobonyeza Kubali. Akaguna. Suala la uuguzi halikuisha siku ile, ila wiki iliyofuata nilimsikia akimuuliza mdogo wangu ada ya huko ni kiasi gani kwa mwaka.

Wengine watasema basi yameisha vizuri, tangazo limesaidia. Mimi sikubali. Yule binti alikuwa na neno lake la kusema kwa wazee, kwa siku aliyoichagua mwenyewe na kwa maneno yake, pengine akiwa tayari na barua ya udahili mkononi. Akanyang'anywa nafasi hiyo na mashine iliyokuwa inatafuta shilingi chache za matangazo. Na hapo ilikuwa ni uuguzi, jambo linalozungumzika. Ingekuwa ni ujauzito? Ingekuwa ni dawa za kufubaza VVU, au deni, au mchumba ambaye nyumbani hawamtaki? Sisi hapa chuoni tunaazimana laptopu na simu kila siku, chumba kimoja watu wanne, kompyuta moja ya kuchapia ripoti ya fildi. Hatuko mbali na Namasakata kiasi tunachodhani.

(Neno kidakuzi lenyewe: kila nikilisikia, masikio yangu yanakwenda moja kwa moja kwenye udaku. Naona limetufaa.)

Sheria inasemaje? Ibara ya 16 ya Katiba ya mwaka 1977 inampa kila mtu haki ya faragha. Kisha tukapata Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, na Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi iliyozinduliwa rasmi na Rais Samia Suluhu Hassan mwezi Aprili 2024. Chini ya sheria hii una haki ya kujua taarifa gani zako zinashikiliwa, kutaka zirekebishwe, na kukataa zisitumike kukutangazia biashara. Ukiona zimekiukwa unaweza kulalamika kwenye Tume. Wanasheria wenzetu wa mwaka wa tatu, hapa kuna mada ya tasnifu inayowasubiri: kidakuzi chenye namba tu, bila jina, ni taarifa binafsi au siyo?

Ulaya walishajibu. Kanuni yao ya ulinzi wa data, iliyoanza Mei 2018, inavitaja vitambulisho vya mtandaoni, vidakuzi vikiwemo, kama kitu kinachoweza kumtambulisha mtu. Oktoba 2019 Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya ikaamua, katika kesi ya kampuni ya Planet49, kwamba kisanduku kilichowekwa tiki tayari si ridhaa. Mtu lazima atie tiki mwenyewe. Na mwanzoni mwa 2022 mamlaka ya Ufaransa ikatangaza faini ya euro milioni 150 kwa Google na milioni 60 kwa Facebook, kwa kosa ambalo ukilisoma unaweza kudhani ni dogo: kukubali kulikuwa kwa kubonyeza mara moja, kukataa kukawa kwa kubonyeza mara kadhaa. Kumbuka kile kitufe cha kung'aa na yale maandishi ya kijivu. Mtu alikaa ofisini akavichora hivyo makusudi.

Lakini tusiwaonee sana wivu. Vidirisha vimekuwa vingi mno kiasi kwamba Wazungu wenyewe wamechoka na wanabonyeza Kubali kama sisi. Ndiyo maana naona dawa ya kweli haiko kwenye kidirisha. Iko kwenye mipangilio ya kivinjari, unapoamua mara moja badala ya kuombwa mara mia.

Safari ya Apple inazuia vidakuzi vyote vya washirika wengine tangu Machi 2020. Firefox ilianza kuzuia vya ufuatiliaji vinavyojulikana mwaka 2019, na mwaka 2021 ikaongeza utaratibu wa kuvitenga: kila tovuti inapewa chungu chake, stakabadhi ya chungu kimoja haionekani kwenye kingine. Google kwa upande wake ilitangaza Januari 2020 kwamba Chrome itaachana navyo ndani ya miaka miwili, ikaahirisha, ikaahirisha tena, na Julai 2024 ikasema haitaviondoa. Google inaishi kwa matangazo, kwa hiyo sikushangaa. Ila maana yake kwetu ni kwamba mwenye simu ya Android anayetumia Chrome, yaani wengi wetu, lazima afanye kazi hii kwa mkono wake.

Kwenye Chrome gusa nukta tatu za juu kulia, ingia Mipangilio, tafuta Vidakuzi vya washirika wengine. Kwa baadhi ya matoleo viko chini ya Faragha na usalama, kwa mengine chini ya Mipangilio ya tovuti. Chagua kuzuia. Tovuti chache zinaweza kugoma, hasa zile zinazokutaka uingie kwa kutumia akaunti ya kampuni nyingine. Ukikutana na moja, iruhusu hiyo peke yake.

Kisha futa zilizokwisha kujazana. Nukta tatu, Futa data ya kuvinjari, weka tiki kwenye vidakuzi na data ya tovuti. Hapa kuna jambo ambalo wataalamu wa Ulaya hawaliandiki kwa sababu hawanunui bando la mia tano: kisanduku cha picha na faili zilizohifadhiwa kwa muda kiache bila tiki. Vile ni vipande vya kurasa ambavyo simu imevitunza isivipakue tena. Ukivifuta, kila tovuti utaipakua upya kwa bando lako. Vidakuzi havina uzito huo. Ujue tu kwamba ukivifuta utatolewa kwenye akaunti zako zote, kwa hiyo hakikisha nywila unazikumbuka kabla hujajifungia nje ya barua pepe siku ya kuwasilisha asaimenti.

Anayetaka zaidi aweke Firefox, ambayo kwenye Android inakubali kiongezi kama uBlock Origin. Chrome ya simu haikubali viongezi. Mimi ndicho ninachotumia. Matangazo na vifuatiliaji vikizuiwa havipakuliwi, na bando nalo linasalimika, hasa kwenye zile tovuti za habari zenye matangazo mengi kuliko habari.

Hali fiche wengi wanaielewa vibaya. Inachofanya ni kutupa historia na vidakuzi vya kipindi kile ukifunga dirisha, na kwa simu ya kuazima hiyo ni kazi kubwa. Ndiyo njia niliyomfundisha mdogo wangu. Haimzuii mtoa huduma wako wa mtandao kuona umetembelea tovuti gani, wala tovuti yenyewe. Nchini Marekani Google ilishtakiwa mwaka 2020 juu ya data iliyokusanywa watu wakiwa kwenye hali hiyo, na mwaka 2024 ikakubali kwenye maafikiano kufuta mabilioni ya rekodi.

Na ukiwa umeingia kwenye akaunti ya Google ndani ya kivinjari, stakabadhi inakuwa na jina. Vidakuzi hata ukivifuta, shughuli zako zimebaki kwenye akaunti. Ingia kwenye ukurasa wa Shughuli Zangu uone; ukikuta swali ulilouliza miaka mitatu iliyopita usishtuke. Unaweza kufuta, na unaweza kuamuru zijifute zenyewe baada ya miezi mitatu.

Programu za simu zenyewe hazihitaji vidakuzi. Zinatumia kitambulisho cha utangazaji, namba moja inayoonekana na programu zote. Kwenye Android za karibuni ingia Mipangilio ya simu, Faragha, Matangazo, ufute kitambulisho hicho. Hupotezi chochote.

Programu za mikopo ni habari nyingine, na kwa mwanachuo aliyeishiwa kabla bumu halijatoka ni habari kubwa. Hizo haziombi stakabadhi, zinaomba orodha yako nzima ya namba za simu, nawe unaruhusu kwa kidole kilekile kinachobonyeza Kubali. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza majina ya programu na majukwaa 69 yaliyokuwa yakikopesha kidijitali bila leseni. Kenya, Septemba 2023, Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data iliitoza kampuni ya mikopo ya Mulla Pride faini ya shilingi za Kenya 2,975,000 kwa kutumia majina na namba za watu zilizopatikana kwa wengine kuwatumia meseji na simu za vitisho. Kabla hujapakua, angalia orodha ya waliopewa leseni, na programu inayotaka namba za watu wako wote ili ikupe elfu ishirini iache hapohapo.

La mwisho ni steshenari, kwa sababu msimu wa maombi ya mkopo na udahili ukifika ndiko wadogo zetu wanakomiminika, na wengine wetu pia. Kidakuzi cha kuingia kwenye akaunti ndicho stakabadhi yenye thamani kuliko zote: mwenye nacho mkononi ndiye wewe, bila kuulizwa nywila. Ukifunga dirisha na kuondoka, kinaweza kubaki kwenye kompyuta ile, na anayekaa baada yako akifungua mfumo anaikuta fomu yako ya mkopo iko wazi, na namba yako ya akaunti ya benki ndani. Mwambie mhudumu akufungulie hali fiche tangu mwanzo. Kivinjari kikiuliza kama kihifadhi nywila, kataa. Ukimaliza bonyeza Toka ndani ya mfumo wenyewe, kisha kabla hujainuka kitini andika tena anwani ya mfumo. Ukiletewa ukurasa wa kuomba nywila, lipa uondoke. Ukiletewa jina lako, rudi ukae, hujatoka.